Faili Lisilo na Alama ya Rangi

Walisema sitaweza. Baba mkubwa alisema mtoto anayeshinda akikodolea macho mashine ya mtu mwingine ataishia kupakia mchele kwenye malori. Wanawake wa pale Itungi walisema msiba umenichanganya, niachwe tu, nitatulia. Fundi mmoja wa Mbeya, mwenye kalamu mbili mfukoni, alinitazama kuanzia kichwani mpaka kwenye miguu yangu mitupu, akasema kitu ninachokitafuta kingemshinda hata mtu mzima mwenye cheti, sembuse mimi.

Leo mwenye cheti ni mimi. Nina stashahada ya kompyuta, nimeisomea Dar es Salaam kwa jasho langu, nimefanya kazi huko miaka ya kutosha, na nimerudi Kyela kwa kupenda mwenyewe, si kwa kushindwa. Ofisi yangu iko barabara kuu, ina vigae sakafuni, na watu wa Ngana na Ikolo mashine zao zikigoma wanaelekezwa kwangu kwa jina. Ninayasema haya waziwazi kwa sababu wapo waliodhani sitapata hata cha kusema.

Wiki iliyopita mwalimu mmoja mstaafu aliniletea kompyuta ya zamani, ile nene iliyopauka rangi kama jino la mzee. Nilipoiwasha, ikatoa harufu ya vumbi lililopashwa moto, na kwenye kioo yakatokea maandishi kwamba programu haiwezi kuanza kwa kuwa kuna faili fulani halionekani. Kwangu hiyo ni kazi ya dakika kumi. Lakini nilikaa mbele ya kile kioo muda mrefu, mwalimu akadhani nimeshindwa, na mimi nilikuwa namtamani baba yangu kwa namna ambayo sikuwa nimemtamani kwa miaka mingi.

Baba alikuwa mpima maji. Pale Itungi, karibu na gati, kulikuwa na ubao mrefu wa chuma umesimikwa ziwani, umepakwa rangi nyeupe na mistari myeusi yenye namba. Kila asubuhi baba alisimama maji yakimfika magotini, akasoma namba, akaandika kwenye daftari la jalada gumu. Jioni alirudi akasoma tena. Nilimfuata mara nyingi. Nakumbuka ubaridi wa mchanga wa asubuhi, harufu ya dagaa waliotandazwa, na wavuvi waliokuwa wakimtania kutoka kwenye mitumbwi yao.

"Mpima maji! Leo ziwa limepungua vikombe vingapi?"

"Viwili," baba alijibu bila kuinua kichwa. "Kimoja amekunywa mkeo."

Mimi sikuona utani wowote. Niliamini kwamba baba ndiye anayelizuia ziwa. Niliamini kwamba maji hukaa mahali pake kwa sababu kuna mtu anayeyatazama asubuhi na jioni, na kwamba asipofika siku moja yatapanda mpaka kwenye mashamba ya mpunga na kuingia nyumbani kwetu.

Kazi hiyo ilikuwa ya mradi wa kuchunguza ziwa, uliokuwa na chumba kimoja mjini Kyela, na ndani ya chumba hicho kompyuta. Kila Ijumaa baba alikwenda na daftari lake kuingiza namba za wiki nzima. Nilikaa kando yake juu ya kreti la soda. Programu ilikuwa na safu kadhaa: tarehe, saa, kimo cha maji, mvua, na mwisho kabisa safu iliyoitwa Maelezo. Waliomfundisha walimwambia aandike humo jambo lolote lililoharibu kipimo, mawimbi makubwa kwa mfano, au mtumbwi kuugonga ubao. Baba aliandika kwa vidole viwili, polepole, na alipofika kwenye safu hiyo alinituma nikanunue maandazi. Nikirudi, amemaliza, anatabasamu peke yake. Kwa hiyo nilijua kuwa mle mna kitu, ila sikujua ni kitu gani.

Kisha mradi ukafungwa. Wenzangu wa rika langu mnaikumbuka miaka ile: mashirika yalikuwa yanafungwa, maduka yanafunguliwa, kila nyumba iliyopakana na barabara ilitoboa dirisha ikauza kitu. Gari likaja likabeba vitabu vyote, madaftari yote na disketi zote za programu. Kompyuta na meza yake vikanunuliwa na Mzee Shebe, mfanyabiashara ambaye wazazi wake walitoka Pangani, na ambaye duka lake la vitambaa lilikuwa na chumba kitupu upande wa nyuma. Akamweka humo binti yake Zuhura awe anachapa barua za watu, mitihani ya shule na kadi za harusi.

Baba alimwendea Mzee Shebe akamwomba jambo ambalo mtaa mzima ulilicheka: aruhusiwe kuja Ijumaa kuingiza namba zake.

"Lakini mradi si wamekwenda zao?" Mzee Shebe aliuliza.

"Mradi umekwenda. Ziwa lipo."

Mzee Shebe alikunja kitambaa kilichokuwa mbele yake, akasema, "Njoo, mwanangu. Mashine haiishi kwa kubonyezwa."

Baba akaendelea hivyo, bila mshahara, asubuhi na jioni, na mchana akilima. Alifariki mwanzo wa masika, kwa homa ya siku nne.

Sisi Wanyakyusa tunazika kwa watu wengi, na watu wengi wanataka vyombo vingi. Masufuria, sahani, ndoo na viti vilikuja kutoka kila nyumba, na baada ya siku za msiba kazi ya kuvirudisha nikapewa mimi, nadhani ili niwe na la kufanya. Kila nyumba kwetu huweka alama yake ya rangi chini ya chombo: nukta nyekundu ni ya akina fulani, msalaba wa bluu ni wa akina fulani. Nilikuwa napindua chombo, natazama chini, napeleka. Baba mkubwa, ambaye ni kaka yake baba, alisimamia. Nikikuta kijiko au bakuli lisilo na alama, alisema, "Hicho hakina mwenyewe. Weka kule," na kikaenda kwenye rundo la vitu vya kutupwa. Nilifanya kazi hiyo siku mbili kwa umakini mkubwa. Nilipomaliza nilikwenda kuutazama ule ubao ziwani. Maji yalikuwa palepale. Nikaona kama nimedanganywa.

Ijumaa iliyofuata nilikwenda dukani kwa Mzee Shebe. Da Zuhura alikuwa msichana mwembamba mwenye maneno mengi, na hakuniuliza nimefuata nini. Alinifungulia programu ya baba, akanielekeza kwenye safu ya Maelezo, akatoka kwenda kupima kitambaa cha mteja. Nikasoma mstari mmoja:

*Mvua kubwa. Ubao umesimama. Mimi pia.*

Nilisikia sauti yake kabisa. Nikafunga macho, nikaomba programu ifungwe. Nilikuwa nimeamua jambo: nitasoma mstari mmoja tu kila Ijumaa, ili yasiishe. Mistari ilikuwa mamia. Nilipiga hesabu kwamba baba angetosha mpaka nitakapoota ndevu.

Nilisoma mistari mitatu.

Ijumaa ya nne nilimkuta Da Zuhura anapigapiga meza. Mashine imejaa, haitaki kuhifadhi barua ya mteja, na mteja amekaa kwenye benchi anasubiri.

"Mimi naiweza hii," nikamwambia. Wakati huo nilikuwa darasa la sita, na tayari nilikuwa hivi nilivyo. "Nitatoa takataka."

"Unajua kipi ni takataka?"

"Najua."

"Haya, mdogo wangu. Usiguse kazi zangu, usiguse za baba yako."

Sikuzigusa. Kazi zake zilikuwa kwenye folda yenye jina lake. Za baba zilikuwa kwenye folda yenye jina la mradi. Lakini kulikuwa na folda nyingine, kubwa, iliyojaa mafaili yenye majina ya ajabu, mengi yakiishia kwa herufi tatu zilezile. Nikafanya kama nilivyofundishwa. Nilifungua moja, nikalipindua, nikatafuta alama. Ndani mlikuwa na vimstari na vimraba visivyosomeka, hakuna jina la baba, hakuna jina la Zuhura, hakuna jina la mtu yeyote. Hili halina mwenyewe. Nikalifuta. Nikafuta na mengine machache ya namna hiyo, kisha nikamwaga kabisa lile kapu la taka la mashine, ambamo vilivyofutwa husubiri, kwa fahari. Barua ya mteja ikahifadhiwa. Da Zuhura akaninunulia kashata.

Nikaomba mstari wangu wa Ijumaa. Da Zuhura akafungua programu ya baba, na badala ya jedwali yakaja maandishi katikati ya kioo. Akayasoma mara mbili.

"Inasema inakosa faili," alisema polepole. "Umefuta nini?"

"Vitu visivyo na mwenyewe."

Nilijua kutokana na alivyovuta pumzi kwamba nimemzika baba mara ya pili.

Mzee Shebe hakunigombeza. Aliita fundi wa Mbeya, yule wa kalamu mbili, ambaye alikuwa mjini kwa kazi nyingine. Fundi alisema mashine imechakaa ndani. Jumamosi ya wiki inayofuata atarudi, aifute yote, aiwekee kila kitu upya.

"Na za baba?" nikauliza.

"Programu ya baba yako haiuzwi dukani. Disketi zake ziko wapi?"

"Gari lilizichukua."

Ndipo aliponitazama miguu na kusema yale niliyokwisha kuyaeleza.

Mzee Shebe aliketi kwenye kiti chake, akavua kofia, akaishika mapajani. "Mwanangu, mashine hii ni ya kazi, na Zuhura anaitegemea. Mpaka Jumamosi ni yako. Baada ya hapo siwezi kukuahidi."

Da Zuhura aliandika jina la lile faili nyuma ya kadi ya harusi iliyoharibika. Ofisi ya parokia ilikuwa na kompyuta, na Jumatatu katibu wake alilitafuta, akalipata, jina lilelile herufi kwa herufi. Nilirudi mbio na disketi. Da Zuhura akalinakili mahali pake. Programu ikafunguka! Tarehe zikaja, saa zikaja, namba za maji zikaja zote. Safu ya Maelezo ilikuwa nyeupe kutoka juu mpaka chini.

Sikulia. Nilinyoosha mkono kufunga, na mashine ikauliza kama nataka kuhifadhi. Da Zuhura alinipiga kofi mkononi likalia.

"Usithubutu! Sema hapana. Ukisema ndiyo, itahifadhi weupe huu, na maneno yake hata Mungu hatayarudisha."

Nyumbani jioni hiyo kabla ya chakula baba mkubwa alinikuta nimekaa kizingitini. Nilimweleza. Akatikisa kichwa. "Maneno ya mtu yanaondoka naye. Wewe kichwa kikubwa, huko Kyela unakwenda kufuata nini tena? Achana na mashine za watu."

"Hayajaondoka. Kuna faili lake."

"Hutaweza," akasema, na najua alisema kwa huruma, lakini neno lile nililikamata nikalitunza.

Aliyekumbuka njia ni Da Zuhura. Mwanamke aliyemfundisha baba ile programu, Dada Sekela, alikuwa sasa anafundisha katika chuo kimoja Tukuyu, na mradi ulimwachia kompyuta ya aina ileile. Kwa watu wazima Tukuyu ni karibu tu. Kwa mtoto wa Itungi asiyekuwa na viatu ilikuwa nchi nyingine, ya baridi, juu mlimani.

Nikaanza kuazima. Da Zuhura aliniazima disketi mbili, kwa sababu moja huharibika njiani, akasema, "Hii ya pili ina barua zangu. Ukizisoma nitajua." Ntuli, dereva wa Fuso lililopeleka mchele juu, aliniazima kiti. Nilimwambia sina nauli. "Nakukopesha," akasema, "utanilipa ukishakuwa waziri." Kutoka Itungi mpaka mjini nilihitaji baiskeli alfajiri ya safari, na mwenye baiskeli alikuwa baba mkubwa mwenyewe. Alinizungusha maneno, akakagua matairi, akasema, "Ikirudi imekwaruzwa, nami nakukwaruza wewe." Lakini aliitia upepo kwa mikono yake.

Mama aliniita nilipokuwa natoka. Alikwenda chumbani akarudi na koti la baba, lile la kahawia alilovaa asubuhi za baridi ziwani. Tangu msiba lilikuwa limelazwa kitandani, upande wake baba.

"Tukuyu kuna baridi," alisema. "Ulirudishe."

Lilinifika magotini. Kolani lilikuwa na harufu yake, sabuni ya mche na maji ya ziwa na kitu kingine ambacho hakina jina. Niliingiza pua humo tangu Kyela mpaka tulipoanza kupanda na ukungu ukafunika vioo vya gari.

Chuoni nilimkuta Dada Sekela kwenye chumba chenye kompyuta nne, mwanamke mnene mwenye miwani iliyofungwa uzi. Nilimwamkia, nikajitaja mtoto wa nani.

"Mpima maji!" Uso wake ukafunguka, akachanganya na salamu ya kwetu. "Hajambo? Ugonile, mwanangu, karibu. Hivi bado ana—"

Kisha akaliona koti. Akaliangalia lilivyonifika magotini, na mikono nilivyoikunja. Alivuta kiti akanikalisha, akaenda dirishani akasimama amenipa mgongo, na mvua ya Tukuyu ikaendelea kunyesha. Aliporudi alikuwa amefuta miwani.

Nilimweleza yote, pamoja na alama za rangi. Nilipofika hapo alicheka, akajizuia, akacheka tena.

"Nisikilize," alisema. "Kwenu, lile sufuria kubwa la msiba, la kupikia wali wa watu mia, linakaa kwa nani?"

"Kwa balozi wa nyumba kumi."

"Lina alama ya nani chini?"

Nilifikiri. "Halina. Ni la wote."

"Basi. Programu ya baba yako haikuwa na sufuria lake la kupikia. Programu nyingi hazina. Kila moja ikitaka kusoma data inakwenda kuazima faili moja la pamoja, linalokaa mahali pa pamoja, na ikimaliza inaliacha hapo kwa mwingine. Ndiyo maana hukuona jina la mtu. Wewe umetupa sufuria la mtaa."

"Kwa hiyo maneno ya baba hayakuwa mle ndani?"

"Mle hakuna neno lake hata moja. Maneno yako kwenye data zake, hujayagusa. Hilo faili kazi yake ni kuyapakua tu."

"Na la parokia? Jina ni hilohilo."

"La parokia ni la zamani. Hilo linajua namba na maneno mafupi. Baba yako," akasema akilitazama koti, "hakuwa mtu wa maneno mafupi."

Alinakili faili kwenye disketi zote mbili. Nilimuuliza nitalirudisha lini. Akasema halirudishwi, amelitoa na bado analo, na mimi nitakuwa nalo, na ndio uzuri wake. Alinipa chai na mkate, akanisindikiza mwenyewe mpaka barabarani chini ya mwavuli. "Ndaga, mwanangu," aliniambia, ingawa aliyestahili kushukuru nilikuwa mimi.

Ijumaa mchana, siku moja kabla ya fundi kurudi, disketi ya kwanza ilikataa. Ya pili, ile yenye barua ambazo sikuzisoma, ilikubali. Da Zuhura alilitoa faili la parokia, akaweka la Tukuyu. Akafungua programu. Tarehe, saa, namba. Kisha safu ya mwisho ikajaa maandishi, mstari kwa mstari, ikishuka kama mtu anayeshuka ngazi kuja kukulaki.

Nimepata vyeti tangu siku hiyo, na nimewahi kupigiwa makofi kwenye ukumbi wenye viyoyozi. Hakuna kilichofikia kile.

Nikataka kusoma mmoja tu, kama kawaida yangu. Da Zuhura akakataa. "Kesho inafutwa yote, na habari za mstari mmoja mmoja zimekwisha." Akawasha mashine ya kuchapia, ile iliyopiga kelele kama cherehani, na mchana kutwa ikatapika karatasi za matundu pembeni. Mzee Shebe alikuja kutazama katoni lake la karatasi likiisha. Aliokota ukurasa mmoja, akausoma, akasema "Lahaula," akatabasamu, akaurudisha taratibu mahali pake. Alichokisoma hakuniambia.

Jumapili, baada ya kanisa, nilianza kulipa. Baiskeli ilikuwa safi kuliko nilivyoichukua, nimeipaka mafuta. Lakini niliona kurudisha kitu cha mtu kikiwa vilevile si kulipa. Nilikuwa nimepekua karatasi zile Jumamosi nzima, nikimtafutia kila mtu chake.

Da Zuhura nilikwisha kumlipa pale pale, kwani alikuwa ameuona mstari wake ukitoka: *Zuhura amenionyesha kufuta kosa bila kufuta kazi. Anayemwoa asiwe mjinga.* Aliukata kwa mkasi akautia kwenye kitabu chake, akasema deni limekwisha.

Ntuli nilimkuta chini ya Fuso lake, miguu tu ndiyo inaonekana. Nikaisomea miguu: *Fuso la Ntuli limekwama kwenye tope la Ikolo. Tumesukuma watu tisa. Ntuli alikuwa ndani anatoa amri.* Akachomoka, uso umejaa grisi. "Si lazima mtu ashike usukani?" Akacheka mpaka akakohoa. Kisha akaniuliza, kwa sauti nyingine, kama kuna mahali pengine alipotajwa. Palikuwepo. Nilimsomea vyote.

Baba mkubwa alipokea baiskeli, akaizunguka akitafuta mkwaruzo. Nikamsomea akiwa bado ameinama. *Mguu unauma. Kaka amenileta kwa baiskeli. Ameimba njia nzima, na hajui kuimba.*

Alisimama wima. "Nani hajui kuimba? Rudia."

Nikarudia.

"Mjinga sana yule," alisema, na akaingia ndani haraka. Nilikuwa nimefika kwenye njia nilipomsikia. Alikuwa anaimba huko ndani, na kweli hakujua.

Nikabaki na mama. Alikuwa nyuma ya nyumba anapepeta mchele. Nilimpa koti. Aliweka ungo chini, akalinusa kolani, akalinusa tena upande wa pili, na nikaona mabega yake yakishuka. Lilinuka dizeli na mvua ya Tukuyu. Nilikuwa nimeimaliza harufu ya baba.

"Nisomee," akasema, akiwa bado amelishika.

Hapo ndipo nilipokuwa napaogopa. Nilikuwa nimetafuta jina lake ukurasa kwa ukurasa, na halikuwamo. Watu wote wa Itungi walikuwamo, hata mbuzi wa jirani, ila mama hakuwamo. Na kilichojirudia mara nyingi kuliko kingine chochote kilikuwa kitu cha aibu, ambacho nisingependa mtu ajue kuhusu baba yangu, aliyekuwa akisifiwa kwa kuwahi.

"Soma tu," mama akasema.

Nikasoma. "*Kipimo cha asubuhi kimechelewa. Sababu za nyumbani.*"

Mama akanitazama.

"Na hapa tena," nikasema kwa sauti ndogo. "*Nimechelewa. Sababu za nyumbani.* Na hapa. Na huku pia."

Alifunika mdomo kwa khanga. Nikadhani analia, nikaanza kukunja karatasi, lakini mabega yalikuwa yanatikisika kwa namna tofauti, na sauti iliyotoka sikuwa nimeisikia tangu kabla ya masika. Alicheka mpaka akakaa chini kwenye pumba, koti mapajani, machozi yakimtoka.

"Ziko ngapi?" aliuliza.

Nikahesabu kwa kidole. "Arobaini na mbili."

"Anadanganya," alisema mama, akijifuta macho kwa mkono wa koti. "Ni nyingi kuliko hizo. Nyingine ameandika mawimbi."

Sikuelewa kilichomchekesha. Nilielewa tu kwamba tangu siku ile sidaiwi na mtu.